Mila za Juzi Zinazoitwa za Kale: Japani ya Takaichi na Vita vya Utambulisho

Septemba 22, 2025, siku ya kwanza ya kampeni za kuwania uongozi wa chama tawala cha LDP, Takaichi Sanae alisimama mbele ya wanachama wenzake akazungumzia kulungu. Alisema yeye ni mtu wa Nara, na kwamba siku hizi wapo watu wanaotoka nje ya nchi, wanafika huko kwao na kuwapiga mateke kulungu wa mji huo. Waandishi wa habari walimtaka ushahidi, wakosoaji wakamjia juu, naye hakurudi nyuma. Oktoba 4 alishinda uchaguzi wa chama. Oktoba 21 Bunge likamchagua kuwa waziri mkuu, mwanamke wa kwanza kushika wadhifa huo tangu ulipoanzishwa mwaka 1885.

Machoni pa Wajapani kulungu wa Nara wana hadhi yao. Wako zaidi ya 1,300, wanazurura katika bustani kubwa ya mji, wanavuka barabara watakavyo na kuinamisha vichwa mbele ya wageni wenye biskuti za pumba za mchele. Imani ya hekalu la Kasuga inasema mungu wake alifika Nara akiwa amempanda kulungu mweupe, kwa hiyo wanyama hao ni wajumbe wa miungu. Zamani kumwua mmoja kuliweza kumgharimu mtu uhai wake. Mwanasiasa akisema wageni wanawapiga mateke kulungu wetu, hana haja ya kufafanua. Msikilizaji anaelewa kwamba aliyepigwa teke ni Japani yenyewe.

Ila historia ya kulungu hao ina ukurasa ambao haukusomwa jukwaani siku ile. Mwaka 1873 walibaki 38 tu. Aliyewafikisha hapo ni mkuu wa mkoa wa Nara, Shijo Takatoshi, ofisa wa serikali mpya ya Meiji iliyokuwa na haraka ya kuonyesha kwamba imani za kizamani zimepitwa na wakati. Aliwawinda, akala nyama yao, kisha akaagiza waliosalia wafungiwe kwenye zizi, wakafa kwa njaa, magonjwa na mbwa. Ni miaka hiyohiyo ambapo hekalu la Kibudha la Kofukuji, jirani ya Kasuga, lilivunjiwa kuta, watawa wake wakageuzwa makuhani wa Shinto, dini ya asili ya Japani, na mnara wake wa orofa tano ukawekwa sokoni. Inasimuliwa kwamba mnunuzi mmoja alipanga kuuchoma moto ili aokote vyuma vyake. Leo mnara huo ni hazina ya taifa.

Nimeanza na ukurasa huo kwa sababu ndani yake imo hoja yangu yote. Viongozi wa Japani wanaojinadi kuwa walinzi wa mila, kuanzia aliyekuwa waziri mkuu Abe Shinzo hadi Takaichi, kwa kiasi kikubwa wanalinda kitu kilichoundwa na dola ya Meiji baina ya 1868 na 1912. Dola hiyo ilijenga utambulisho mpya wa taifa kwa kuchagua vipande vya kale, kuvisafisha na kuvipa nguvu ya sheria. Na katika kuchagua ilivunja mengi yaliyokuwa ya kale kweli: yaliyochanganyika, yaliyotofautiana kijiji kwa kijiji, yaliyokuwa na nafasi kwa wanawake na kwa dini zaidi ya moja. Miaka mia na hamsini baadaye, kile kilichoundwa kinatetewa kwa nguvu zote za Bunge, na kile cha kale kinakufa taratibu kwa kukosa watu.

Chukua suala la majina ya ukoo, ambalo Takaichi amelipigania kwa miaka mingi. Sheria ya Japani inawalazimu mume na mke kutumia jina moja la ukoo, na Wizara ya Sheria yenyewe imekiri kwamba haijui nchi nyingine yenye sharti kama hilo. Wanandoa wako huru kuchagua jina la mume au la mke, lakini takribani asilimia 95 huishia kwenye jina la mume. Wanaotaka kila mmoja aruhusiwe kubaki na jina lake hujibiwa kwamba hilo litaivunja familia ya Kijapani, familia iliyodumu tangu enzi.

Tangu enzi gani? Raia wa kawaida walilazimishwa kuwa na majina ya ukoo mwaka 1875. Mwaka uliofuata serikali iliagiza kwamba mwanamke akiolewa abaki na jina la kwao. Kanuni ya jina moja ilikuja mwaka 1898, na Sheria ya Kiraia iliyomfanya baba wa nyumba kuwa mtawala wa ukoo mzima. Yaani "tangu enzi" hiyo ina umri mdogo kuliko reli ya Tokyo hadi Yokohama. Baraza la ushauri la Wizara ya Sheria lilipendekeza mabadiliko mwaka 1996. Mahakama ya Juu, mwaka 2015 na tena 2021, ilisema sheria haivunji Katiba na kulirudishia Bunge mpira. Hata Keidanren, shirikisho la makampuni makubwa ambalo haliwezi kusingiziwa uanaharakati, lilitoa wito wa mabadiliko mwaka 2024, kwa kuwa wanawake wenye vyeo wanahangaika na pasi za kusafiria na mikataba yenye majina mawili.

Takaichi mwenyewe ameyaishi hayo. Aliolewa mwaka 2004 na mbunge mwenzake Yamamoto Taku, akawa Yamamoto katika vitabu vya serikali na Takaichi katika siasa. Waliachana 2017, wakaoana tena 2021, na safari hiyo mume ndiye aliyechukua jina la mke. Sioni ubaya wowote katika uamuzi wao. Ni wao wenyewe waliojua jina lipi lina uzito zaidi katika nyumba yao. Ninachodai ni kwamba mke wa dukani, daktari wa Sapporo au mwalimu wa Fukuoka asilazimike kupoteza jina lake kwa sababu tu hana cheo cha kumshawishi mwenzake. Msimamo wa waziri mkuu ni kwamba jina la kuzaliwa litambuliwe kama jina la kazini huku rejesta ya familia ikibaki ilivyo. Kinacholindwa hapo ni rejesta, na rejesta hiyo ni kazi ya mikono ya maofisa wa Meiji.

Kwenye kiti cha enzi ndiko mambo yanakokuwa mazito zaidi, na hapa niombe uvumilivu wa msomaji, maana historia ya Nara inazungumza kwa sauti kubwa.

Sheria ya leo inasema Mfalme wa Japani lazima awe mwanamume, mzaliwa wa ukoo wa kifalme kwa upande wa baba. Mfalme Naruhito, aliyetawazwa Mei 2019 baada ya baba yake Akihito kung'atuka, ana mtoto mmoja, Binti Mfalme Aiko, aliyezaliwa 2001. Aiko hawezi kurithi. Warithi ni watatu tu: Akishino, mdogo wake Mfalme; Hisahito, mtoto wa Akishino, aliyezaliwa 2006; na Hitachi, mzee aliyezaliwa 1935. Uhai wa ufalme unaoelezwa kuwa mkongwe kuliko wote duniani umetundikwa kwenye bega la kijana mmoja. Takaichi anashikilia kwamba ukoo wa kiume usikatike, na mapendekezo yanayozungushwa Bungeni ni kuwarejesha wanaume kutoka matawi 11 ya familia ya kifalme yaliyoondolewa hadhi mwaka 1947, kwa njia ya kuasiliwa.

Sasa turudi karne ya nane. Aliyehamishia mji mkuu Nara mwaka 710 alikuwa mwanamke, Mfalme Genmei. Mwaka 712 alikabidhiwa Kojiki, kitabu cha kwanza cha visa vya miungu na wafalme, kile ambacho kila mtetezi wa utaifa wa Kijapani hukinukuu. Mwaka 715 aliachia kiti, akamrithisha binti yake, Gensho. Mama akampa binti. Na Nihon Shoki, kitabu cha pili cha msingi wa historia ya taifa, kilikamilika mwaka 720 Gensho akiwa kwenye kiti. Kwa jumla wanawake wanane wameitawala Japani, wawili kati yao mara mbili, wa mwisho akiwa Go-Sakuramachi katika karne ya 18. Marufuku ya kisheria iliandikwa mwaka 1889.

Wahafidhina wanalo jibu, na si jibu dhaifu. Wanasema wote wanane walikuwa mabinti wa ukoo kwa upande wa baba, na hakuna aliyempitishia kiti mtoto ambaye baba yake hakuwa wa ukoo huo. Ni kweli, hata Gensho, baba yake alikuwa mwana wa mfalme. Lakini jibu hilo linasahau namna ukoo wa kiume ulivyodumishwa. Ulidumishwa na masuria. Mfalme Meiji mwenyewe alizaliwa na suria. Mwanawe, Mfalme Taisho, naye alizaliwa na suria. Karne ya 20 iliondoa masuria, kwa haki kabisa, ikaacha kanuni iliyowategemea. Kila aliyekulia pwani ya Afrika Mashariki na kusikia habari za nasaba za masultani analielewa hili bila kuelezwa: ukitaka ukoo wa baba usikatike vizazi kwa vizazi, mke mmoja mwenye mtoto mmoja hatoshi. Wanaoitetea kanuni ya 1889 wanatetea nusu ya mfumo, na hawasemi nusu ya pili itajazwa na nini.

Serikali ya Koizumi Junichiro ilikaribia kulifumbua fumbo hili. Mwaka 2005 jopo lake lilipendekeza wanawake na watoto wao waruhusiwe kurithi. Mapema 2006 ikatangazwa kwamba mke wa Akishino ni mjamzito, muswada ukawekwa kando, Hisahito akazaliwa Septemba, na Bunge zima likashusha pumzi. Tangu hapo tatizo halijapungua hata chembe. Mwaka 2024 kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia haki za wanawake ilipoishauri Japani iifanyie marekebisho sheria hiyo, serikali ilikasirika kiasi kwamba Januari 2025 ilitangaza mchango wake usitumike kwa kazi za kamati hiyo. Mimi naamini wageni wana haki ndogo ya kuwaamulia Wajapani mfalme wao. Lakini hasira ile ingekuwa na uzito zaidi kama isingefunika mambo ambayo vitabu vya Wajapani wenyewe vimeyaandika.

Twende Ise, mahali patakatifu kuliko pote katika Shinto, ambako mawaziri wakuu huenda kusali mwanzoni mwa mwaka, na ambako Abe aliwapeleka viongozi wa G7 mwaka 2016. Hekalu la Ise hujengwa upya kila baada ya miaka 20, mbao mpya kwenye kiwanja cha pembeni. Ujenzi wa kwanza wa aina hiyo ulifanyika mwaka 690, chini ya Mfalme Jito, mwanamke. Katika karne ya 15 na 16, vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipoifilisi nchi, utaratibu huo ulikatika kwa zaidi ya miaka 120 katika hekalu kuu la ndani. Waliouokoa ni watawa wa kike wa Kibudha wa nyumba ya Keikoin. Mtawa Seijun alizunguka nchini akichangisha fedha mpaka hekalu la nje likajengwa mwaka 1563, na mrithi wake Shuyo akalikamilisha jambo mwaka 1585 kwa mahekalu yote mawili. Kitovu cha Shinto kiliokolewa na wanawake wa Kibudha, kwa bakuli la sadaka.

Mwaka 1868 serikali ya Meiji ikatoa amri ya kutenganisha Shinto na Ubudha, na nyumba ya Keikoin ikafungwa muda mfupi baadaye. Nikisoma habari hiyo moyo unaniuma. Watu waliolibeba hekalu wakati dola haikuwa na nguvu ya kulibeba waliondolewa na dola ilipopata nguvu, ili hadithi ionekane safi.

Yasukuni, hekalu la Shinto lililoko Tokyo, nayo ni mtoto wa enzi hiyohiyo. Ilianzishwa 1869 kuwaenzi waliokufa kwa ajili ya upande wa mfalme, na leo ina orodha ya watu wanaozidi milioni 2.4. Takaichi amekuwa akienda pale mara kwa mara akiwa mbunge na waziri, na kila ziara ya kiongozi wa Japani huamsha hasira Beijing na Seoul kwa sababu tangu 1978 wamo wahalifu 14 wa kivita wa daraja la juu. Kinachosahaulika ni kwamba Mfalme Showa aliyetawala wakati wa vita alikwenda kwa mara ya mwisho mwaka 1975, na tangu hapo hakuna mfalme aliyekanyaga. Ikiwa mwenye hekalu mwenyewe amekaa mbali nusu karne, si rahisi kumshawishi mtu kwamba kwenda ndiko kushika mila.

Sumo, mieleka ya jadi ya Kijapani, inafuata mkondo huohuo. Mwanamke haruhusiwi kupanda ulingo. Mwaka 1990 Moriyama Mayumi, katibu mkuu wa baraza la mawaziri, alizuiwa kukabidhi Kombe la Waziri Mkuu. Mwaka 2000 gavana wa Osaka, Ota Fusae, naye akazuiwa. Aprili 2018, huko Maizuru, meya alianguka ghafla ulingoni akihutubia. Wanawake, akiwamo muuguzi, walipanda wakamkandamiza kifua kuokoa maisha yake, na kipaza sauti kikasikika kikiwaamuru washuke. Meya alipona. Mwenyekiti wa chama cha sumo aliomba radhi. Sasa waziri mkuu ambaye kombe lina jina la cheo chake ni mwanamke, na kanuni iko palepale. Nihon Shoki, kitabu kilekile kilichokamilishwa chini ya Gensho, kinataja wanawake wa ikulu wakipigana mieleka mbele ya mfalme. Sumo ilianza kuitwa mchezo wa taifa mwaka 1909, jumba lake jipya lilipofunguliwa Tokyo.

Mtu anaweza kuuliza: ikiwa historia iko wazi hivi, mbona siasa hizi zinavuta kura? Zinavuta kwa sababu hofu iliyo chini yake ni ya kweli. Mwaka 2024 Japani ilipata watoto 686,061, mara ya kwanza kushuka chini ya laki saba tangu takwimu zianze kuwekwa. Shule za vijijini zinafungwa. Yeni imedhoofika, mchele ulipanda bei mwaka 2025 hadi serikali ikafungua maghala ya akiba, na mitaa ya Kyoto imejaa watalii ambao kwao nchi hiyo sasa ni rahisi. China iko jirani na inazidi kunenepa. Mtu wa makamo aliyeona kijiji cha wazazi wake kikiwa mahame anayo haki ya kuuliza ni nini kitabaki. Takaichi analijua swali hilo kwa undani. Hakuzaliwa katika nyumba ya mawaziri kama Abe, mjukuu wa waziri mkuu wa zamani Kishi Nobusuke. Mama yake alikuwa askari polisi wa Nara, baba yake mfanyakazi wa kampuni ya mitambo. Anapozungumza na wapiga kura wa aina hiyo, anazungumza na watu wake, na hilo linampa nguvu ambayo wasomi wa Tokyo huidharau kwa hasara yao.

Tatizo ni jibu linalotolewa. Julai 2025 chama cha Sanseito kilipata viti 14 katika uchaguzi wa Baraza la Juu kwa kaulimbiu ya "Wajapani kwanza", na LDP, ikihofia kuporwa wapiga kura, ikaanza kuimba wimbo huo. Wakazi wa kigeni ni takribani asilimia tatu tu ya watu wote. Lakini mgeni ni rahisi kumnyooshea kidole kuliko mshahara usiopanda au kijana asiyeoa.

Sisi wa Tanzania tulionja upepo huo. Agosti 2025, katika TICAD, mkutano wa Japani na Afrika kuhusu maendeleo, uliofanyika Yokohama, JICA, shirika la Japani la ushirikiano wa kimataifa, liliitangaza miji minne kuwa "nyumbani" kwa nchi nne za Afrika, kwa maana ya kubadilishana vijana na tamaduni. Nagai, mji mdogo wa mkoa wa Yamagata, ulikabidhiwa urafiki na Tanzania. Kisarazu ukapewa Nigeria, Sanjo ukapewa Ghana, Imabari ukapewa Msumbiji. Nagai haukuokotwa hewani, kwani ndio uliokuwa mwenyeji wa Tanzania kwa Olimpiki ya Tokyo. Kisha vichwa vya habari vilivyotiwa chumvi barani kwetu, pamoja na taarifa isiyo sahihi ya serikali ya Nigeria kuhusu viza maalumu, vikatafsiriwa mitandaoni Japani kuwa miji inagawiwa Waafrika. Simu na barua pepe za matusi zikafurika kwenye ofisi za halmashauri hizo. Septemba 15 Alphonce Simbu alishinda dhahabu ya marathoni ya dunia hukohuko Tokyo, na uwanja ukamshangilia. Siku kumi baadaye, Septemba 25, JICA ikafuta mpango mzima. Ilikuwa wiki ileile ya hotuba ya kulungu.

Lililonisikitisha si kwamba Tanzania ilikosa kitu. Tungeishi. Lililonisikitisha ni Nagai. Mji huo una ngoma ya simba weusi, vinyago vikubwa vyenye vazi refu ambalo wanaume kadhaa huingia ndani na kucheza pamoja, kila hekalu na simba wake. Ngoma ya namna hiyo inataka mabega mengi ya vijana. Mji unaopungukiwa vijana ulijaribu kufungua dirisha, na watu ambao wengi wao hawajawahi kufika Nagai wakalifunga kwa jina la kuilinda Japani.

Ukitaka kuona hasa ni nini kinaua mila Japani, tazama Februari 2024. Tarehe 17, hekalu la Kokusekiji mkoani Iwate lilifanya kwa mara ya mwisho sherehe ya Sominsai, ambapo wanaume waliovaa ubinda tu hugombea mfuko wa hirizi katikati ya baridi kali. Sherehe hiyo ilikuwa na zaidi ya miaka elfu moja. Haikupigwa marufuku na mtu, wala hakuna mgeni aliyeivamia. Familia chache zilizokuwa na jukumu la kukata miti na kuandaa hirizi zilizeeka, na hapakuwa na wa kupokea kijiti. Siku tano baadaye, hekalu la Konomiya mkoani Aichi, lenye sherehe ya aina hiyohiyo iliyodumu zaidi ya miaka 1,200, liliwaruhusu wanawake kwa mara ya kwanza kubeba mianzi iliyofungwa vitambaa na kuitoa sadaka. Walivaa makoti ya sherehe na kaptura, wakapiga kelele za kazi kama wanaume. Magazeti yalijaa picha zao. Siwezi kutabiri Konomiya itadumu miaka mingapi, lakini najua ni ipi kati ya mbili hizo ambayo bado ipo.

Au tazama lakeri, utomvu unaopakwa kwenye mbao za mahekalu na vyombo vya mezani. Mti wake hukua kwa miaka kumi hadi kumi na mitano, hukwanguliwa msimu mmoja, hutoa utomvu wa kujaza kikombe kimoja, kisha hukatwa. Kwa miongo mingi lakeri karibu yote iliyotumika Japani ilitoka China, pamoja na iliyopakwa kwenye majengo ya kihistoria. Aliyepiga kelele kwa sauti kubwa kwamba hazina za taifa zikarabatiwe kwa lakeri ya nchini ni Mwingereza, David Atkinson, aliyekuwa mchambuzi wa benki kabla ya kuongoza kampuni ya Konishi, wakarabati wa mahekalu kwa zaidi ya miaka 300. Mwaka 2015 Wakala wa Utamaduni ukaagiza lakeri ya nchini itumike, na wakusanyaji wa Joboji, mkoani Iwate, wakaanza kutafuta wanagenzi kwa sababu ghafla kulikuwa na soko. Agizo moja la manunuzi lilifanya kazi ambayo hotuba za miaka hazikuifanya, na lilisukumwa na mtu ambaye wapiga kelele wa "Wajapani kwanza" wangemwita mgeni.

Kwa upande mwingine, mafundi wa ufundi wa asili walikuwa karibu laki tatu mwishoni mwa miaka ya 1970. Leo hawafiki elfu 60. Tetemeko la Januari 1, 2024 liliiangusha Wajima, mji maarufu kwa vyombo vya lakeri, na moto ukateketeza mtaa wa soko lake la asubuhi. Aprili mwaka huo Waziri Mkuu Kishida Fumio alimpa Rais Biden zawadi iliyotengenezwa na mafundi wa Wajima. Ilikuwa heshima nzuri, na naamini ilitoka moyoni. Septemba mafuriko yakaifika Wajima watu wakiwa bado kwenye nyumba za muda. Horyuji, hekalu lenye majengo ya mbao ya kale kuliko yote duniani, lililoko mkoani kwake Takaichi, mwaka 2022 liliomba mchango mtandaoni wa yeni milioni 20 ili limudu kujitunza. Wananchi wakatoa zaidi ya milioni 150. Wajapani wa kawaida wameshaonyesha wanachokipenda. Wakala wa Utamaduni hupewa zaidi kidogo ya yeni bilioni 100 kwa mwaka kwa nchi nzima, makumbusho na sanaa zote zikiwamo, wakati bajeti ya ulinzi ya 2025 ilifikia takribani yeni trilioni 8.7.

Ise itajengwa upya mwaka 2033. Matambiko ya maandalizi yalianza Mei 2025. Pamoja na nyumba zenyewe, hutengenezwa upya vifaa na mavazi 1,576 ya aina 714: panga, hariri, matandiko ya farasi, vyombo vya lakeri, kila kimoja kwa ufundi wa kale. Mfumaji au mfua panga wa kiwango hicho hahitimu kwa mwaka mmoja wala miwili, kwa hiyo atakayekuwa na kazi ya mikono yake pale 2033 lazima awe karakanani sasa hivi, akilipwa posho ya kumtosha kula na kupanga chumba. Ningependa mbunge mmoja, wa chama chochote, asimame mbele ya waziri mkuu na kumwuliza fungu la wanagenzi hao ni yeni ngapi katika bajeti yake, wangapi wanaingia kila mwaka, na kama binti wa Nara au kijana wa kigeni anayeishi Yamagata akibisha hodi kwenye karakana hizo atapokelewa.